Fundi Asiyejaliwa Mtoto

Tarehe 12 Januari

Mama yangu mpenzi,

Shikamoo. Natumaini barua hii itakukuta mzima, na mgongo haukusumbui kama mwezi uliopita. Mimi sijambo, ila usingizi ndio adimu. Cherehani je, imeacha kuruka nyuzi? Wasalimie majirani wote wa ngazini, mmoja mmoja, wasije wakasema nimewasahau.

Mama, kitabu kimetoka! Nimekifunga pamoja na barua hii. Najua utakinusa kabla ya kukisoma, kama unavyonusa kitambaa kipya. Ule utafiti wangu wote, kupanda na kushuka ngazi zenu na kinasa sauti nikiwauliza watu wanaishije kwenye jumba ambalo mwenyewe anataka watoke, leo umekuwa kitabu cha kushika mkononi. Na ule moto wa stoo nimeuweka kama mlivyonieleza, kwamba mtu wa wakala wa mwenye jumba alionekana akitoka na dumu la mafuta mkononi.

Usihofu, hakuna atakayewajua; majumba ya bwana huyo ni mengi, na stoo zilizoungua si moja. Katika kazi yetu kuna sheria: aliyekuambia siri humtaji, na ukiona kutomtaja hakutoshi, unambadilisha sura. Basi nimewabadilisha. Fundi saa nimempa mguu mbovu wa kushoto na mkongojo, yeye anayetembea kama yuko kwenye gwaride. Muuza vifungo maneno yake yalikuwa mengi mno, kila mtu angemtambua kwa domo lake, kwa hiyo nimeyagawa kwa watu wawili. Kwenye kitabu ni mapacha wenye duka moja. Mwambie asinidai mahari ya huyo ndugu yake.

Na wewe, mama, ndiwe Mshiriki wa Nne. Wewe nimekuficha kuliko wote. Nimeandika kwamba ni fundi wa nguo asiyejaliwa mtoto. Usinune. Msimamizi wangu hapa chuoni hataki mtu achunguze nyumba alimolelewa bila kusema wazi, na mimi sikusema. Nilimwambia jumba hilo nililipata kwa bahati tu. Angejua wewe ni mama yangu angeitupa kazi yote kapuni. Ni neno dogo tu kwenye karatasi. Nje ya karatasi mimi ni wako, na nikirudi nyumbani na viatu vya matope ni wewe utakayenigombeza.

Ningekupigia simu, lakini utasema "haloo, haloo" mpaka salio liishe. Niandikie upesi.

Ni mimi mwanao,
Kibiriti


Tarehe 2 Februari

Mwanangu Kibiriti,

Marahaba, tena marahaba. Sisi huku wazima, hofu ni kwako wewe usiyelala. Mgongo ni ule ule, umezeeka pamoja nami, tumezoeana. Cherehani nimeitia mafuta, sasa ina afya kunizidi. Simu usinitajie. Kelele za kiwanda cha nguo zilishanila masikio kabla hujazaliwa, nikiweka simu sikioni nasikia nyuki. Barua naisoma mara nne na bado ipo.

Kitabu nimekinusa. Kinanuka gundi. Nikaenda moja kwa moja pale pangu. Ehe! Kwa hiyo uchungu wote ule, nikang'ata shuka la hospitali mpaka likatoboka, ulikuwa wa bure? Ulikataa kutoka mpaka mkunga akasema, "Huyu akitoka atawaka," ndiyo jina lako hilo. Nimecheka, halafu nimekifunga kitabu, halafu nimekifungua nikacheka tena. Sikununa. Lakini uchungu wa mwana aujuaye mzazi, na neno lile limenichoma. Ungeniandika kipofu. Ungeniandika mwizi wa vitambaa vya wateja. Kwa nini ukachagua hilo?

Haya, yamepita. Majirani wameitana ngazini na muuza vifungo amewasomea kwa sauti. Alipofika kwenye mapacha akawa anageuza kichwa huku na huku, anajiuliza na kujijibu mwenyewe, watu wakacheka mpaka mlinzi akapanda kuuliza kuna nini. Wamefurahi kweli. Kumbuka hawa walikuwa hawataki kufungua midomo. Walisema kwa sababu mimi niliwaambia: semeni, huyu ni mwanangu, hatawauza. Kwa hiyo sifa zako nusu ni zangu.

Fundi saa peke yake hakucheka sana. Ameamka juzi na mguu unamvuta. Wa kushoto. Anasema alilala vibaya, nikampa mafuta ya kuchua. Mimi kwa masikio haya watu wanaopanda ngazi nawajua kwa nyayo, sakafu inaniambia. Jana sakafu ikaniambia mguu mzito, mguu mwepesi, na katikati kitu kama ubao unaogongwa. Nikachungulia. Ameazima mkongojo wa marehemu baba yake.

Mimi si mtu wa kuogopa vivuli. Nakueleza kwa sababu ulitaka habari zote.

Mama yako mwenye uzazi, na uandike hivyo,
Mama Kibiriti


Tarehe 15 Februari

Mama yangu,

Shikamoo. Barua yako imefika na nimecheka peke yangu ofisini mpaka wenzangu wakaniangalia. Fundi saa mwambie aende hospitali, asijitibu kwa mafuta yako ya kuchua ambayo hata kutu hayatoi. Mguu wa mtu wa umri wake ukiuma ni umri, si kitabu changu. Nimemwandikia mkongojo, sijamtegea ngazi.

Lakini pale uliposema neno lile limekuchoma, nilikaa na barua mkononi mpaka chai ikapoa. Nisamehe mama. Nilichagua hilo kwa sababu ndilo lilikuwa mbali na ukweli kuliko mengine yote. Nilijiuliza, ni kitu gani ambacho mtu akikutana na mama yangu hawezi kabisa kukiamini? Nikaona ni hicho. Wewe hata ukinunua nyanya muuzaji ataondoka anajua una binti, anasoma, na hapendi vitunguu.

Msimamizi amenisifu mbele ya watu. Amesema hajaona kazi iliyowaficha washiriki vizuri kama yangu.

Mwanao anayekupenda,
Kibiriti


Tarehe 6 Machi

Kibiriti mwanangu,

Hujambo? Leo nisamehe nikikatisha salamu. Kaa chini kwanza.

Pacha amekuja.

Alifika mchana, jua kali, ana sanduku lililofungwa kamba. Akaliweka mlangoni pa duka la vifungo, akavua kofia, akaingia nyuma ya meza na kuanza kupanga zipu. Sura ile ile. Pengo la jino lile lile. Muuza vifungo alikuwa na mteja, hata hakugeuka. Akasema tu, "Umechelewa," na yule akajibu, "Njia mbaya." Nikadhani ni utani wao, wameokota mtu wa kufanana naye. Nikaenda kumuuliza, "Huyu ni nani?" Akaniangalia kama mtu anavyomwangalia mgonjwa. "Si ndugu yangu huyu, Mama Kibiriti. Leo vipi, hujala?"

Nikamuuliza mlinzi. Nikamuuliza fundi saa. Wote wananiambia hao wamekuwa wawili siku zote. Mwanangu, yule bwana suti ya harusi yake nilimshonea mimi. Nilipima kifua kimoja na mikono miwili, sikupima minne.

Na domo limemwisha. Hilo ndilo linalonitia baridi. Nimeuliza bei ya zipu, mmoja akasema, "Zile ndefu," akanyamaza. Mwenzake akamalizia, "zimepanda." Kila kitu ni nusu kwa nusu. Nimefungua kitabu chako, nikakaa dukani kwao na kufuatisha kwa kidole. Maneno uliyompa yule wa kwanza ndiyo anayoyasema wa kwanza. Uliyompa wa pili anayasema wa pili.

Fundi saa naye hakumbuki tena siku aliyotembea bila mkongojo. Anasema aligongwa na baiskeli utotoni. Anasimulia hata rangi ya baiskeli.

Umefanya nini, mwanangu? Sikulaumu. Nakuuliza kama ninavyomuuliza mwanafunzi wangu wa ushoni akiharibu nguo: umekata wapi? Maana uliotubadilisha ni sisi watatu, na wawili tayari.

Mama yako,
Mama Kibiriti


Tarehe 14 Machi

Mama,

Shikamoo mama. Sijui kama nikuulize hali au nikwambie yangu. Sijala vizuri tangu nipate barua yako. Nilitaka kuamini umechoka, umekosea mtu. Lakini wewe hukosei mwili wa mtu uliyempima.

Nimekwenda kwa wachapaji. Wanasema vitabu vimeshatawanyika, havirudi. Nikaenda kwa msimamizi, nikamwambia ukweli ambao ningemwambia tangu mwanzo: Mshiriki wa Nne ni mama yangu mzazi. Nilitegemea atanifukuza. Akavua miwani, akafungua ukurasa wako, akasoma polepole. "Lakini hapa imeandikwa hana mtoto." Nikasema, niliandika mimi, na ni uongo. Akasema, "Imehakikiwa," akafunga kitabu na kuniuliza kama nimepata chakula cha mchana. Nilirudia mara tatu. Kila nikisema "mama yangu" alikuwa kama mtu anayengoja gari lipite ndipo aendelee na mazungumzo.

Nimefikiria kutangaza kwenye gazeti kwamba wewe ni mama yangu. Lakini nikifanya hivyo wakala atajua jumba ni lipi, na wote mliosema habari ya moto mtabaki uchi. Niliwaahidi. Ahadi ile ndiyo inayonifunga mikono, na ahadi ile ile ndiyo niliyoivunja nilipodhani kwamba sura ya mtu ni yangu kuivuruga.

Nijibu hili moja tu, tafadhali. Bado wanakuita Mama Kibiriti?

Mwanao,
Kibiriti


Tarehe 28 Machi

Mwanangu,

Nami nakusalimu. Kula. Mtu hatatui jambo na tumbo tupu.

Swali lako. Mlinzi ananiita Fundi. Wateja wananiita Fundi. Mwanafunzi wangu naye kaanza wiki hii. Nimemwambia mlinzi, "Mimi ni Mama Kibiriti." Akasema, "Kibiriti? Hicho hapo dirishani, chukua." Nikacheka naye, kisha nikaingia ndani na kufunga mlango.

Sasa sikiliza kubwa zaidi. Wakala amekuja, na kitabu chako kwapani. Si mjinga yule. Amekaa kwenye ngazi kama anapumzika. Fundi saa akapita na mkongojo, wakala akamsindikiza kwa macho. Akashuka dukani kununua kifungo kimoja, mapacha wakamjibu mmoja nusu, mwingine nusu, akatabasamu. Kisha akaja kwangu. "Habari za kazi, fundi. Hivi una watoto?"

Umeelewa, mwanangu? Kinyago ulichotuvisha kimeota nyama. Yeye hatafuti watu wa kweli, anatafuta watu wa kitabuni, na anawakuta. Akishatukamilisha sote, atajua ni sisi tuliosema habari ya dumu, na mwenye jumba atatutupa nje kesho yake.

Nikamjibu, "Ninaye mmoja, binti, anaitwa Kibiriti, anasoma mbali, na hasira kazirithi kwa baba yake." Akafungua kitabu, akasoma, akanitazama, akasoma tena. "Basi labda siyo hapa," akasema. Lakini atarudi mwisho wa Aprili, na mara hii atakuja na mwenye jumba mwenyewe.

Kwa hiyo mimi ndiye kifungo kinachoshika shati lote. Maadamu nakukumbuka, jumba hili silo lile la kitabuni. Nimejiwekea tahadhari. Ndani ya ukosi wa gauni langu la kazi nimeshona kwa uzi mwekundu: Nina mtoto mmoja. Kila asubuhi nikivaa naisoma kwanza.

Mapacha wanakusalimia. Watu wazuri wale. Tangu nilipohamia jumba hili, wote wawili hawajanipandishia bei ya uzi hata siku moja.

Mama yako,
Fundi


Tarehe 5 Aprili

Mama, mama yangu,

Shikamoo. Nakuomba usome barua hii kila asubuhi pamoja na ukosi.

Umeandika kwamba mapacha wamekuwa wawili tangu ulipohamia. Narudisha barua yako ya tarehe 6 Machi ndani ya bahasha hii. Ni mwandiko wako. Isome uone ulivyoshangaa siku ile. Na umetia sahihi "Fundi", na sijui kama umejiona.

Nakuja. Mvua zimekata barabara, mabasi hayapiti mpaka daraja litengenezwe, lakini nitafika kabla wakala hajarudi, hata kwa miguu. Nitasimama mlangoni pako na kusema mimi ni nani.

Mpaka hapo nishike kwa haya. Nilipokuwa mdogo nilikata gauni la bibi harusi kwa mkasi wako mkubwa, tundu mbele kabisa, siku moja kabla ya harusi. Hukunipiga. Ulishona ua juu ya tundu, na bibi harusi akadhani ni mtindo mpya, wenzake wakaja kuutaka. Kumbuka bega langu la kushoto, lililoshuka. Kila mwaka ulipokuwa unanikatia gauni uliongeza kitambaa hapo na kusema, "Wewe Mungu alikukata usiku, taa imezimika." Na zile karatasi zako za kukatia, za magauni yangu yote, bado zipo kwenye msumari nyuma ya mlango? Ziguse. Zile ni mimi.

Mama, mimi nimesomea jinsi ya kuwalinda watu nisiwadhuru. Nimefundishwa, nimefaulu, nimepewa cheti. Na wa kwanza kumdhuru ni wewe. Nishike tu mpaka nifike.

Mwanao, mwanao, mwanao,
Kibiriti


Tarehe 17 Aprili

Mwanangu,

Barua yako nimeisoma. Nimeisoma leo pia.

Kisa cha bibi harusi nakikumbuka vizuri. Ua lile lilikuwa jeupe, nililitoa kwenye pazia. Nakumbuka tundu, nakumbuka bibi harusi alivyojigeuza mbele ya kioo. Mtoto simwoni. Naona mkasi unakwenda peke yake.

Naogopa, mwanangu. Sikuwahi kuogopa hivi, hata wakati wa moto. Asubuhi nasoma ukosi na nasema kwa sauti, "Nina mtoto mmoja," na sauti inatoka kama ya mtu anayesoma bango. Njoo. Usingoje daraja.

Mama yako (hapa nimenakili kutoka barua zako)


Tarehe 10 Mei

Kwa Bibi Mtafiti,

Salamu nyingi. Natumaini ulifika salama, maana uliondoka hapa unalia na njia bado ina matope. Mimi ni mzima wa afya, namshukuru Mungu. Anwani yako nimeitoa nyuma ya bahasha zilizokuwa kwenye droo yangu. Naona tumewahi kuandikiana kuhusu utafiti wako, ila zilizomo ndani sikuzisoma. Nilifungua moja ikaanza "Mama yangu mpenzi", nikairudisha haraka. Si adabu kusoma barua za watu.

Nakuandikia kuomba radhi.

Siku ile uliingia na viatu vyote matope, ukanikumbatia kabla hata sijakukaribisha. Nilikuwa karibu kukugombeza kwa sababu ya viatu, nikajizuia, mgeni hagombezwi. Nikasema moyoni, watafiti wa siku hizi wana mapenzi. Tukanywa chai, ukawa unanisimulia mambo ya mkasi na ua, nikashangaa nani kakupa habari za kazi zangu. Kisha wakala akaja na mwenye jumba, akaniuliza mbele ya watu wote, "Fundi, una mtoto?" Kabla sijajibu wewe ukaruka. "Mimi ndiye mtoto wake!" Ukanivuta ukosi kuwaonyesha maneno yaliyoshonwa kwa uzi mwekundu. Hayo nayo yamenitatiza. Ni uzi wangu, mshono ni wangu, lakini sijui niliyashona kwa ajili ya mteja gani.

Niliona unataka kutuokoa. Kila mtu ngazini aliona. Lakini mimi ni mtu mzima, na jambo hilo kwangu si la mzaha. Mwanamke ambaye hakujaliwa hajisingizii mtoto. Wakala akaniuliza mara ya pili, nikasema kweli yangu: "Huyu simjui."

Niliuona uso wako. Sijapata kuona uso wa mtu ukifanya vile, na mimi nimeona wafiwa wengi, nguo zao za msiba nashona mimi. Tangu siku ile chakula hakinipandi. Nisamehe sana.

Tumepewa notisi, kama ulivyosikia. Majirani hawakunilaumu. Fundi saa amefungasha saa zake zote kwenye magazeti, anashuka ngazi taratibu na mkongojo wake. Mapacha wamebeba meza ya duka, mmoja huku, mwingine kule, hata sijasikia wakigombana. Mimi nimepata chumba kwa shemeji yangu, mdogo wa marehemu mume wangu. Cherehani imetangulia.

Sasa, wakati nafungasha, nimekuta kitu nyuma ya mlango. Kuna karatasi za kukatia zimetungikwa kwenye msumari, za magauni ya mtoto wa kike. Ya ndani kabisa ni ndogo, ya mtoto anayeanza kusimama. Inayofuata imezidi kidogo, na inayofuata, mpaka ya juu ambayo ni ya msichana aliyekwishakua. Mtoto ni mmoja. Chaki ni yangu. Nimekaa nazo kitandani mchana mzima nikitafuta ni mteja gani aliyekuwa analeta binti mmoja kila mwaka, mwaka hadi mwaka, na mimi nisimkumbuke sura. Sikumpata. Katika kila karatasi, bega la kushoto nimeliongezea kitambaa.

Nikakukumbuka wewe. Ulipotoka ulisimama mlangoni umenipa mgongo, unafuta machozi, na mimi macho yangu hayana adabu, yakiona mgongo yanapima. Bega lako la kushoto limeshuka. Nikajisemea, huyu Mungu alimkata usiku, taa imezimika. Nikacheka peke yangu, halafu nikashikwa na kilio ambacho sikujua kinatoka wapi. Nililia mpaka mwanafunzi wangu akaniletea maji.

Basi nimechukua ile karatasi ya juu, nikaipanua kwa ukubwa wako, nikakushonea gauni. Limo humu kwenye kifurushi. Kitambaa nilikuwa nacho tu, sikumbuki nilikiwekea nini, kimekaa sandukuni miaka. Hunidai, sikudai. Livae, uniambie kama bega limekaa.

Nami nina ombi moja. Aliyekuwa akikushonea utotoni hakuwa fundi wa kulipwa. Bega kama lako lina kazi, fundi wa kulipwa angeliacha lining'inie. Lazima alikuwa mama yako. Kama yu hai, msalimie sana. Mwambie binti yake alifika kwangu salama. Na mwambie kuna fundi mmoja huku, hakujaliwa, anamwonea wivu.

Ni mimi,
Fundi